Panya wa kitabuni, panya wa stoo na ubao wa gundi

Ndugu msomaji, leo naomba kuzungumzia jambo ambalo huenda ukaliona dogo, tena dogo kama panya mwenyewe. Wapo watakaosema kuwa Waislamu tuna mambo makubwa ya kuandikia makala kuliko kitabu cha picha cha watoto. Ni kweli tunayo. Lakini mimi ni mwalimu wa maarifa ya Uislamu, na kazi hii imenifunza kuwa maswali ya watoto ndiyo yanayomkuta mwalimu akiwa hana silaha. Swali lililonikuta mimi niliulizwa na binti yangu wa miaka saba, nyumbani kwangu, muda mfupi kabla ya adhana ya alfajiri. Nina shahada ya chuo kikuu na nimesoma kwa masheikh, na sikuwa na jibu.

Kisa chenyewe ni hiki. Tunaishi nyumba ya kupanga hapa Dar es Salaam, na nyuma ya jiko kipo kijichumba tunachokiita stoo. Humo ndimo unamokaa mchele, unga na maharage. Panya walikuwa wametuzidi nguvu. Walitoboa gunia la mchele, wakala sabuni, wakafika mpaka kwenye kanga za mama watoto. Jioni moja nikitoka kazini nilinunua kwa machinga ubao wa gundi. Asiyeuona anafikiri ni kitabu: ni karatasi ngumu iliyokunjwa mara mbili, unaifungua, ndani imepakwa gundi nzito isiyokauka. Unaiweka pembeni ya ukuta anapopita panya. Akikanyaga, basi.

Alikanyaga usiku huo huo. Yapata saa nane nilisikia sauti yake, nikasema alhamdulillah, nikageukia upande wa pili nikalala. Saa kumi na nusu nilipoamka nilimkuta binti yangu amesimama kwenye mlango wa stoo kwa miguu mitupu. Panya alikuwa amenasa miguu yote minne na shavu moja. Katika kujivuta, ngozi ya ubavu wake ilikuwa imeanza kubanduka. Alikuwa hai kabisa. Binti yangu akanitazama akaniuliza: "Baba, analia tangu usiku. Mbona humuui, na wala humwachii?"

Sikumjibu. Nilimwambia aende kwa mama yake. Nikatafuta kipande cha tofali, na nakiri mbele yako msomaji kwamba mkono wangu haukuwa mwepesi, nilimpiga mara mbili ndipo akatulia. Kisha nikatia udhu nikaenda msikitini, na sala ile sikumbuki imamu alisoma sura gani.

Sasa kitabu kinaingia wapi? Kinaingia hapa. Miezi miwili kabla ya usiku huo nilikuwa nimemnunulia mtoto huyu kitabu cha mtumba, katika vile vinavyopangwa chini kando ya barabara katikati ya mji. Ni cha Kiingereza, kina muhuri wa maktaba ya shule ya huko Marekani, lakini asili yake ni Japani. Aliyekitunga na kukichora ni Kazuo Iwamura, mzaliwa wa Tokyo wa mwaka 1939, ambaye mwaka 1975 alihama mji na kwenda kuishi na familia yake karibu na misitu ya Mashiko, katika mkoa wa Tochigi. Mwaka 1983 alianza kutoa mfululizo wa vitabu vya panya kumi na wanne wa msituni. Amefariki Desemba 2024, akiwa na miaka 85, na vitabu hivyo vimekuwa vikisomwa na watoto kwa zaidi ya miaka arobaini.

Panya hao kumi na wanne ni familia moja. Babu, bibi, baba, mama na watoto kumi. Kwa Kijapani majina ya watoto yanatokana na hesabu, kuanzia moja mpaka kumi, hivyo mtoto anayesoma anajua nani mkubwa na nani mdogo. Hakuna adui katika kitabu, hakuna vita, hakuna anayemlaghai mwenziwe. Katika kimoja wanahamia nyumba mpya, katika kingine wanatayarisha kifungua kinywa, katika kingine wanafua nguo mtoni. Hiki chetu ni cha kutazama mwezi wa mavuno. Maneno ni machache, picha ndiyo zinazosema. Na picha zenyewe amezichora kana kwamba aliinama mpaka macho yake yakawa usawa wa panya: jani linakuwa kubwa kama mwavuli, uyoga unakuwa kama kibanda, na nyasi tunazozikanyaga sisi bila kuziona zinakuwa ni msitu. Mwandishi anamuuliza mtoto nani anafanya nini, na mtoto anawatafuta mmoja mmoja kwa kidole. Binti yangu alikuwa akiwahesabu kila usiku. Hawezi kulala mpaka watimie kumi na wanne.

Kwa hiyo alipomkuta yule wa stoo amenata kwenye gundi, kwake haikuwa panya. Alikuwa mmoja kati ya kumi na wanne.

Nilimsimulia kisa hiki ustadhi mwenzangu, mtu ninayemheshimu kwa elimu na kwa umri, tulipokuwa tumekaa barazani baada ya sala ya alasiri. Hakucheka. Alisema kosa si la gundi, kosa ni la kitabu, na kosa la kitabu ni langu mimi niliyekinunua. Akataja mambo matatu: kina picha za viumbe wenye roho, kina uongo kwa sababu panya hasemi wala hafui nguo, na, hili ndilo alilolikazia, kinamfundisha mtoto wa Kiislamu kumpenda mnyama ambaye Mtume (s.a.w.) mwenyewe ameruhusu auawe. "Umemfundisha binti yako kumlilia fasiki," alisema.

La picha sitalikalia sana. Khitilafu ya wanavyuoni juu ya picha inafahamika, na kila mmoja wetu amechagua pa kusimama. Mimi naona katika hadithi ya bibi Aisha (r.a.) aliyokuwa akicheza na wanasesere wake na wasichana wenziwe katika nyumba ya Mtume (s.a.w.), iliyomo katika Bukhari na Muslim, kuna nafasi waliyopewa watoto. Abu Daud amepokea kuwa miongoni mwa wanasesere hao alikuwemo farasi mwenye mabawa mawili, na Mtume (s.a.w.) alipouliza farasi gani huyu mwenye mabawa, bibi Aisha alimjibu kuwa Sulayman alikuwa na farasi wenye mabawa. Mtume (s.a.w.) alicheka mpaka yakaonekana magego yake. Ustadhi wangu anaijua hadithi hii kuliko mimi, na ana majibu yake.

La uongo lina uzito zaidi, ingawa si kwa njia aliyoisema yeye. Sisi tumelelewa na hadithi za Sungura na Fisi. Bibi alipotamka paukwa, nasi tukaitikia pakawa, hakuna mtoto aliyedhani kuwa anapewa taarifa ya habari. Lile neno lilikuwa kama mlango: ukiingia, unajua umeingia wapi. Na tukitaka kusema kweli, Sungura wetu ni mwizi na mlaghai, anaiba, anasingizia wengine, na mwisho tunampigia makofi. Sijasikia barazani hata mara moja mtu akilalamika kuwa Sungura ameharibu maadili ya watoto! Katika maktaba za Waislamu wenyewe, Ibn al-Muqaffa, aliyeishi katika karne ya pili Hijria, alikifasiri kwa Kiarabu kitabu cha Kalila na Dimna, ambacho asili yake ni India na kilimfikia kupitia lugha ya Kifarsi cha kale. Humo yumo panya anayekata kwa meno nyavu zilizowanasa njiwa, na njiwa kiongozi anamwambia aanze na kamba za wenzake kabla ya yake. Vizazi vya Waislamu vimelelewa na kisa hicho, na kama kingekuwa uongo wa kuadhibiwa, basi adhabu yetu imekaribia miaka elfu moja na mia tatu.

Lakini iko hatari moja ya kweli ambayo mzee wangu hakuigusa. Mtoto anayesikia panya wakizungumza kitabuni, kisha akaja madrasa akasikia kuwa chungu alizungumza na wenziwe akawaonya wasije wakakanyagwa na jeshi la Sulayman (a.s.), kama ilivyo katika Surat an-Naml (27:18), anaweza kuyaweka yote mawili katika kapu moja. Ama ayachukue yote kuwa ni kweli, ama, na hili ndilo baya zaidi, akikua ayaone yote kuwa ni ngano. Hilo nililiona nyumbani kwangu na nikalisimamia. Nilimwambia binti yangu kuwa huyu wa Japani ametungwa na mtu aliyependa msitu, na yule chungu ametusimulia Aliyemuumba. Alielewa upesi kuliko nilivyotarajia. Watoto wanajua tofauti ya hadithi na habari. Wanaochanganya mara nyingi ni sisi wakubwa.

Sasa nifike kwa panya mwenyewe, maana ndipo mzee alipoegemea, na hapo nami nimekaa siku nyingi nikifikiri.

Ni kweli kabisa kuwa panya yumo katika wale watano ambao Mtume (s.a.w.) ameruhusu wauawe hata na aliye katika ihramu, hata ndani ya Haram: kunguru, mwewe, nge, panya na mbwa mkali aumaye (Bukhari na Muslim). Ni kweli pia kuwa amemwita kijifasiki. Na sababu yake haikufichwa. Mtume (s.a.w.) aliagiza taa zizimwe wakati wa kulala kwa sababu kijifasiki huyo huweza kuuburura utambi akawaunguzia watu nyumba (Bukhari). Katika Abu Daud, kutoka kwa Ibn Abbas (r.a.), imepokewa kuwa panya alikuja akiburura utambi akautupa mbele ya Mtume (s.a.w.), juu ya mkeka aliokuwa amekalia, ukaunguza mahali kiasi cha dirhamu moja. Kwa hiyo hata nyumba ya mbora wa viumbe ilikuwa na panya, na mkeka wake ulikuwa na tundu la moto. Anayesema kuwa panya wa kweli ni kama wale wa Iwamura, wanaokaa na babu na bibi wakila mezani, amwulize mama mwenye gunia la mchele. Amwulize pia mtu wa Lushoto, ambako katika miaka ya 1980 na 1990 tauni ilikuwa ikirudi mara kwa mara, ugonjwa unaobebwa na viroboto wa panya, na watu walikuwa wakizikwa.

Kwa hiyo sina ubishi juu ya kumuua. Panya wa stoo yangu atauawa leo, na wa kesho naye atauawa. Mchele ule ni haki ya watoto wangu, na sharia haikuniambia nimpe panya.

Lakini hebu turudi kwenye swali la mtoto. Hakuniuliza kwa nini namuua panya. Lau angeuliza hivyo, ningemsomea hadithi ya wale watano na kazi yangu ingekuwa imekwisha. Aliniuliza mbona simuui na wala simwachii. Nilikuwa nimekaa msikitini baada ya sala ile ya alfajiri, vidole vinahesabu tasbihi, ndipo nilipotambua kuwa swali lile ninalijua. Nimelisomesha mwaka hadi mwaka, na nimelitungia maswali ya mtihani. Yule mwanamke aliyeingia motoni kwa sababu ya paka (Bukhari na Muslim), kosa lake limeelezwa kwa sura ile ile: alimfunga, hakumlisha wala hakumwachia ajilie vijidudu vya ardhini. Hakumfanyia hili wala lile. Alimweka katikati, kisha akaendelea na shughuli zake. Binti yangu hajafika kuisoma hadithi hiyo. Aliifikia kutoka upande mwingine, kwa miguu mitupu, katika mlango wa stoo.

Na gundi kazi yake ni hiyo hiyo. Haiui. Inamshika mnyama ikamwachia njaa, kiu na hofu vimmalize, na vinaweza kuchukua usiku mzima na mchana wake. Ni rahisi kwetu kwa sababu haituhitaji tuwepo. Mtume (s.a.w.) amefundisha, katika hadithi ya Shaddad bin Aws (r.a.) iliyomo katika Muslim, kuwa Allah (s.w.) ameandika ihsani juu ya kila kitu, na akatoa mfano kwa kuua na kuchinja: uuaji uwe mzuri, kisu kinolewe, mnyama apumzishwe. Ihsani imefaradhishwa mpaka katika kuua! Hata mjusi ambaye tumeelekezwa kumuua, thawabu za anayemmaliza kwa pigo la kwanza ni zaidi ya za anayemmaliza kwa la pili (Muslim). Wapo wanaoisoma hadithi hiyo kama mashindano ya shabaha. Mimi naielewa kuwa pigo moja lina maumivu machache kuliko mawili. Nilipolikumbuka tofali langu, niliona haya.

Kuna kisa kingine ambacho tunakipita haraka. Nabii mmoja miongoni mwa Manabii aling'atwa na chungu, akaamuru kijiji kizima cha chungu kichomwe moto. Allah (s.w.) akamfunulia akimlaumu kuwa kwa sababu ya chungu mmoja ameunguza umma mzima uliokuwa ukimsabihi Mola wake (Bukhari na Muslim). Tazama neno lililotumika: umma. Ndilo neno hilo hilo lililomo katika Surat al-An'am (6:38), kwamba wanyama watembeao katika ardhi na ndege warukao kwa mbawa zao ni umma mfano wetu. Tunaisoma aya hiyo kwa tajwidi nzuri, kisha tunatoka tunanunua gundi kwa machinga. Wenzetu wa Uingereza, ambao hawajaipata hadithi ya Shaddad, Bunge lao lilipitisha mwaka 2022 sheria ya kuwazuia watu kutumia gundi hizo huko England, nayo ikaanza kufanya kazi Julai 2024. Wanaua panya kama sisi, lakini gundi wameiona kuwa ni dhulma. Mimi mwalimu wa dini nilihitaji kuamshwa na mtoto.

Je, ni kitabu kilichomwamsha? Sina hakika kuwa ni kitabu peke yake. Watoto wengi wasiokuwa na kitabu chochote wangesimama pale mlangoni. Lakini najua kuwa kitabu kilimzoesha kitu ambacho mimi nilikuwa nimekipoteza, nacho ni kumtazama kiumbe mdogo kwa muda mrefu, mmoja mmoja, bila haraka. Mimi nilisikia sauti saa nane nikasema "panya". Yeye aliisikia akaenda kuona nani.

Haina maana kuwa kitabu hakina kasoro. Kinayo moja, na kwa mwalimu wa tauhidi si ndogo. Panya hao wanajenga jukwaa la matawi juu ya mti mkubwa, wote wanapanda, jua linatua, mwezi unachomoza. Ni picha nzuri, sikufichi. Kisha wanauwekea mwezi vidonge vya unga na mazao ya msituni, wanaushukuru kwa mavuno na kwa mwanga wake. Hiyo ni mila ya Wajapani ya kutazama mwezi wa usiku wa kumi na tano wa mwezi wa nane katika kalenda yao ya zamani, kalenda iliyokuwa ikifuata mwandamo. Tulipofika ukurasa huo kwa mara ya kwanza binti yangu alininyamazia, kisha akauliza: "Wanaushukuru mwezi?"

Nilitaka kuubandika karatasi ukurasa ule. Ustadhi mwenzangu angeuchana. Nilifikiri usiku ule, nikaona kuwa Qur'an yenyewe haikubandika karatasi. Inatusimulia wazi jinsi Nabii Ibrahim (a.s.) alivyoutazama mwezi ukichomoza na yaliyosemwa, kisha ukatua, na hoja ikasimama (6:77). Inatuambia tusilisujudie jua wala mwezi, bali tumsujudie aliyeviumba (41:37). Haikutuambia tusiutazame. Basi tukatoka nje mimi na binti yangu mpaka uani. Nilimweleza kuwa Mtume (s.a.w.) alikuwa akiuona mwezi mwandamo huomba dua, na katika dua hiyo, kama alivyoipokea Tirmidhi, anausemesha mwezi wenyewe kuwa Mola wangu na Mola wako ni Allah. Na Muislamu naye anazungumza na mwezi! Anachouambia ni kwamba nao una Mola. Binti yangu alifikiri kidogo, akasema wale panya huenda hawajafundishwa. Nikamwambia panya wa kweli hawahitaji kufundishwa, kwani kila kitu kinamsabihi Allah (s.w.) ila sisi hatufahamu tasbihi zao (17:44). Mchoraji amewapa panya wake ulimi, ila shukrani amezipeleka kwa anwani isiyo yake. Sasa kila tukifika hapo yeye mwenyewe husema "Mola wangu na Mola wako" kabla hatujafungua ukurasa unaofuata. Kitabu kimetusomesha dua ambayo nilikuwa nimeipangia muhula wa pili.

Nilipomrudia mzee wangu na haya, hakukubali yote, na alikuwa na haki katika moja. Alisema huruma ina tabia ya kuchagua wazuri. Mtoto atamhurumia panya aliyevishwa kaptula, na atampita yule mtoto anayelala nje kwenye makuti ya soko kwa sababu hakuna aliyemchora. Hilo ni neno zito, na nimelijaribu kwa mtoto wangu na kwangu mwenyewe. Lakini jibu langu kwake lilikuwa kwamba mtoto anayezoeshwa kutosikia sauti stooni hataanza kuisikia akifika sokoni. Tuliachana hapo, kila mmoja na lake, akanipa embe mbili za nyumbani kwake.

Na tukiwa bado kwa panya, nikutajie jambo la nchi yetu ambalo watu wengi wa mjini hawalijui. Pale Morogoro, katika Chuo Kikuu cha Sokoine, hufundishwa panyabuku kunusa mabomu yaliyozikwa ardhini na kunusa makohozi ya wagonjwa wa kifua kikuu. Mmoja wao aliyeitwa Magawa alipelekwa Cambodia, akasaidia kuibua mabomu zaidi ya mia moja. Mwaka 2020 alipewa medali ya dhahabu na taasisi ya wanyama ya PDSA ya Uingereza, na alikufa mwaka 2022 kwa uzee. Nilipomsimulia binti yangu, kitu cha kwanza alichouliza ni kama Magawa alikuwa na watoto kumi.

Stoo nimeifanyia mambo mawili. Mchele nimeuhamishia kwenye ndoo zenye mifuniko, jambo ambalo mama watoto alikuwa akiniomba tangu mwaka juzi, na tundu la chini ya mlango nimelizibia kwa saruji. Kwa wanaoendelea kuingia nimenunua mtego wa chuma, ule wa kubana, unaomaliza kazi mara moja. Binti yangu anajua upo, na anajua unafanya nini. Usiku wa kwanza ulipolia aliniita kitandani kwake akaniuliza kama amekwisha. Nilikwenda nikatazama, nikarudi nikamwambia amekwisha. Akavuta shuka.

Ulikuwa umebaki ubao mmoja wa gundi ambao sijaufungua, kwani huuzwa viwili viwili. Niliurudisha kwa yule machinga. Alikataa kunirejeshea fedha, akaugeuzageuza mkononi akitafuta kasoro.

"Ustadhi, kwani haushiki?"

"Unashika sana," nikamwambia, nikamwachia.